Octave Azuia Shada la Harusi

Hilaire, weka chini hiyo bia usome. Nimetoka harusi ya binti wa Octave sasa hivi, mbavu zinaniuma.

Mpango ulikuwa hivi: bibi harusi arushe shada la maua, lidakwe na shangazi yake Verlie, hapo hapo Alcide apige goti na pete. Maskini Alcide, kamsubiri Verlie tangu awe mjane mpaka kaota mvi. Wote tuliambiwa, asiyejua ni Verlie tu. Octave naye aliambiwa! Verlie ni dada yake mwenyewe!

Basi shada likapaa. Verlie kainua mikono. Octave yuko kule kwenye nyama, mdomo umejaa. Unamjua: miaka yote ile ya mpira wa Kimarekani alilipwa kuzuia pasi zisimfikie mtu, na siku hizi kastaafu, goti lake la bandia hata ngazi halipandi.

HILAIRE. ALIRUKA. Nakuapia alipita juu ya keki! Kalichapa shada kofi likatumbukia kwenye sufuria ya mchuzi wa gumbo, kisha akamtikisia dada yake kidole: "Kwangu huwezi, mtoto! Hapa hakipiti kitu!"

Dada yake, Hilaire! Kidole!

Alcide keshapiga goti, pete mkononi, kanywea kama kuku aliyenyeshewa. Akaanza kuinuka. "Labda siku nyingine..."

Verlie akamkandamiza bega mpaka chini.

"Bakia hapo hapo, Alcide. Mstaafu ni Octave. Mimi bado."