Siku Ulipovaa Wigi Yangu

Kaka yangu Saidi,

Basi yule askari akaanza kusukuma mlango, na sisi bado na mini zetu, magoti nje! Siku zile za utawala wa jeshi, mini imekatazwa, wigi imekatazwa, ukikamatwa nazo unapakiwa kwenye gari. Lakini sisi wanawake wa Kisugu kila Jumamosi mchana tunakutana chumbani kwangu, gomesi juu, gauni la heshima mpaka miguuni, mini chini yake. Mlango ukifungwa tu, gomesi zinavuliwa, tunacheza. Na wewe na kamera yako ya sinema! Wenzako walipiga picha maharusi, wewe ulitafuta vichaa tu. Wale vijana wa Bugolobi wa kusimama juu ya baiskeli, ukawapiga picha. Halafu sisi. "Dada, cheza, usiniangalie mimi!" Mke wa polisi naye alikuja, yule mrefu, ana miguu yule... niache, nitapotea.

Askari. Gomesi tukazivaa haraka kabla hajaingia, lakini wigi yangu iko pale sakafuni, kama paka amelala. Akaiona.

"Hii ya nani?"

Banange! Wewe ukaiokota, ukaivaa.

"Yangu, afande."

"Wewe mwanaume!"

"Ndiyo, afande. Redio ilisema wigi ni marufuku kwa wanawake. Angalia ndevu hizi."

Ukaanza kutembea kama bibi harusi, kiuno huku, kiuno kule, unamkonyeza. Mtu na bunduki yake akacheka mpaka akakaa chini! Na kamera uliiacha juu ya cherehani, bado inanguruma, krrr! Mimi nikakohoa ili asiisikie. Nikakohoa mpaka ikanyamaza. Askari anafuta machozi, anasema, "Nyinyi peleka huyu mama hospitali," akaenda zake.

Wiki ileile ukavuka kwenda Nairobi na filamu zako. Baadaye ukafa, wakakuzika hukohuko, mimi sikufika. Na picha yako sina hata moja, Kaka. Daima wewe nyuma ya kamera! Sura yako imeanza kunitoka. Nakumbuka pua, na ndevu, basi.

Sasa sikia! Binti yako amekuja jana na boksi lako la filamu. Sebuleni wametundika shuka, madirisha wameziba na blanketi, fundi ameleta mashine ya kuonyesha sinema. Anasema filamu ya zamani hivi labda imeoza, tusitegemee. Mimi nategemea! Chai imenishinda kunywa. Nimevaa gomesi mpya, na chini yake... usiniulize. Nimekimbilia jikoni na mjukuu wangu Zaina, nasema, yeye anaandika, maana kule nasimama na kukaa tu. Picha isipotoka, mimi nitakuona wapi tena? Na ile siku ya—

"Shangazi! Shangazi, njoo! Baba huyu hapa! Amevaa wigi!"

Wangi, abee! Nakuja! Mwambie fundi asizime! Zaina, wacha kalamu, nishike mkono. Kaka, ngoja hapohapo, usitoke kwenye shuka, nakuja—

Dada yako wa Kisugu