Benchi la Wenye Subira

Elia, mdogo wangu,

Neno "mpendwa" nimeliacha makusudi, usilitafute. Na barua hii naiandika wazi, atakayeisoma na aisome, kwa sababu zile za siri nilizokutumia kwenye simu ulizifungua zote na hukujibu hata moja. Labda ukisikia watu wengine wameisoma, utaisoma na wewe. Wewe mtu akikungoja huna habari naye, mpaka kuwe na watu wanaomtazama anavyokungoja.

Nimeanza kwa ukali, najua. Mama angesema, "Ndeshi, punguza huo ulimi." Sasa mama hayupo wa kunikataza.

Unaukumbuka ule mchezo wa mgahawa kwenye simu yangu, ile yenye kioo kilichopasuka? Ulikuwa umemaliza kidato cha nne, uko nyumbani huna la kufanya, na mimi na mama tunahangaika na mgahawa wetu pale Majengo, meza sita na benchi moja. Saa tisa alasiri, watu wa chakula cha mchana wakishaondoka, tulikuwa tunakaa mlangoni, mama anachambua mchele, sisi tumeinamia simu vichwa vinagongana. Wateja wa kwenye simu wanaingia mmoja mmoja, kila mmoja na makopa yake mekundu ya subira juu ya kichwa. Unamvuta kwa kidole, unamweka mezani. Ukimchelewesha, makopa yanadondoka moja moja. Yakiisha ananyanyuka anaondoka, na nyota yako inaondoka naye.

Mimi mchezo ule ulinishinda. Nilikuwa nahudumia anayetangulia kufika, kama mama alivyonifundisha, na kila siku nafeli hatua ya saba. Ukaninyang'anya simu. "Dada, wewe unawaonea watu huruma. Hapa hakuna huruma, kuna mpango tu." Ukanionyesha. Yule bwana wa mkoba ana makopa mawili, kwa hiyo anakaa karibu na jiko, asikae kungoja. Wapenzi unawapeleka kona, wakitazamana wanasahau njaa. Familia yenye watoto iwe mbali na wengine, kelele zao zinapunguza makopa ya meza ya jirani. Watu wawili usiwape meza ya wanne hata kama ukumbi ni mtupu, maana wanne wako njiani. Halafu ukamfikia yule bibi wa mkongojo.

"Huyu ana makopa matano, na yanadondoka polepole," ukaniambia. "Huyu ni wa mwisho siku zote. Ukiona limebaki kopa moja, mpe chai. Chai inarudisha mawili. Anakaa tena."

Nilicheka, Elia. Nilikuona una akili kuliko ukoo mzima. Siku ile tulivuka hatua ya saba, tukavuka ya nane, tukafika ya kumi na mbili, mpaka mama akatuuliza kama hiyo simu ndiyo itakayosonga ugali wa jioni.

Aisee, ulipouingiza ule mpango kwenye mgahawa wa kweli, hata mama alikubali. Madereva wa bodaboda ukawaweka karibu na dirisha la jikoni, wanakula wanaondoka. Wasichana wa saluni ukawapa kona, wapige umbea wao bila kuchelewesha mtu. Benchi la nyuma, pembeni ya pipa la maji, ukalifanya la wenye subira. Ndani ya wiki mbili msongamano wa mlangoni ukaisha. Lazima niseme ukweli hata nikiwa na hasira, ulijua kupanga watu.

Ila lile benchi lilijaa wazee. Kwetu mzee hagombanii chakula. Ukimwambia subiri kidogo, meku, anakujibu haya mwanangu, na anakaa na fimbo yake katikati ya magoti. Wewe ukaona makopa matano.

Jumanne ile sijaisahau. Mzee Aminieli, jirani yetu wa Machame, alikuwa ameshuka mjini kufuata dawa zake za macho, akapita kwetu kula mtori kama kawaida yake. Ukamwamkia vizuri kabisa, shikamoo meku, ukamketisha benchini. Wakaja bodaboda wanne. Ukampa mzee chai. Wakaja mafundi wa ujenzi. Ukampa chai ya pili. Mimi niko jikoni jasho linanitoka, nauliza nani bado, unanijibu, "Wa haraka wote wamekula, dada, tuko vizuri." Ulipompelekea chai ya tatu, mzee alikuwa amesimama. Akakifunika kikombe chake kitupu mezani, mdomo chini, akasema, "Asante kwa chai, mjukuu wangu," akatoka na njaa yake. Jumanne iliyofuata hakuja, wala ile nyingine.

Mama alipoambiwa hakukupigia kelele. Jumapili baada ya ibada alikwenda Machame, mpakani mwa kihamba chetu, kule migomba inakoishia, akachuma jani la isale, akalifunga fundo, akakwambia nifuate. Na mimi nilikuja nyuma yenu. Njia nzima ulikuwa unanong'ona, "Mama, si tumwombe tu msamaha kwa mdomo? Hilo si ni jani tu?" Mama akazidi kutembea. Tulipofika kwa Mzee Aminieli, akakupa ulishike wewe kwa mikono miwili. Mzee alilitazama muda mrefu. Nilimwona kabisa kwamba hakuwa tayari, kwamba mtori ule alioukosa ulikuwa bado unamkaa rohoni. Lakini kwetu isale haikataliwi. Akanyoosha mkono akalipokea, akamwita mkewe alete mbege, akaionja mwenyewe kwanza, akatupa na sisi tukanywa.

Tukirudi, mama akatueleza kwamba mtu akishapokea lile jani kosa limekwisha, haruhusiwi hata kulitaja. Na wewe ukapiga mluzi ukasema, "Kumbe rahisi hivyo!"

Mama alicheka. Mimi sijui kwa nini sikucheka.

Halafu ukapata kazi Dar es Salaam, kwenye hoteli kubwa. Ulitutumia picha umesimama mlangoni mwa ukumbi, suti nyeusi, unawapangia watu meza. Mama aliionyesha picha ile kanisani, sokoni, kliniki, mpaka simu inazimika chaji. "Mwanangu ndiye anayeamua nani akae wapi," anawaambia watu, na kweli ulikuwa unaamua.

Sukari ilipomzidi mama, tukafunga mgahawa, nikamrudisha Machame. Nilikupigia siku hiyohiyo. Ukasema unakuja Krismasi. Haya, kila mtu wa kwetu anakuja Krismasi, hata waliosahau njia mwaka mzima. Mbuzi akachinjwa, kila mtu akapewa nyama yake, na mama akalifunga fungu lako kwenye jani la mgomba, akalitundika juu ya meko lipate moshi lisiharibike. Hukuja. Ulituma kitenge. Mama akajifunga kitenge kile siku tatu mfululizo, anasema mtoto ana kazi nyingi, watu wanakula sana siku za sikukuu. Mwishoni mwa Januari akaniambia nilishushe fungu niwape majirani.

Krismasi ya pili ukatuma blenda. Blenda, Elia! Kwa mwanamke aliyekatazwa juisi na daktari. Akaiweka juu ya kabati, akaifunika kitambaa, na kila mgeni anafunuliwa aione.

Ya tatu ulituma sauti ya sekunde kumi na moja kwenye simu. "Mama, nivumilie kidogo tu, nakuja." Aliisikiliza mpaka mimi nikaikariri. Fungu la mwaka ule akanikataza kulishusha. Januari ikaisha, likabaki pale juu, jeusi, gumu kama kuni.

Hapo ndipo nilipoanza kuelewa. Siku moja nakoroga uji nikasema peke yangu, Mungu wangu, huyu kijana anampa mama chai. Kitenge ni chai, blenda ni chai, sekunde kumi na moja ni chai. Kila likibaki kopa moja unajua cha kufanya. Wale wa mkoba wako Dar, ndio walio karibu na jiko. Mama ana subira, mama hapigi meza, mama yuko benchi la nyuma.

Sasa nikwambie na langu, maana nikikusema wewe tu nitakuwa mnafiki. Chai hiyo mara nyingi niliipeleka mimi. Wiki ambazo hukupiga, mama akiniuliza, "Elia amepiga?" nilimjibu amepiga. Anakusalimia, anasema unywe dawa, anasema usitembee bila viatu. Na dawa anakunywa. Nilidhani namsaidia mama, kumbe nakusaidia wewe. Bila mimi angekuwa amenyanyuka zamani, angekutukana kwenye simu kama mama yeyote anavyomtukana mtoto wake, na pengine ungeshtuka ungekuja.

Na hakudanganyika. Wiki ya mwisho, nimemweka juani mlangoni, akaniambia, "Ndeshi, Elia hajawahi kunikumbusha viatu maisha yake yote. Hayo ni maneno yako." Nikainama, sikujua niweke wapi uso. Akanishika mkono. "Wewe niletee tu," akasema. "Nikiyakosa hayo nitakuwa sina kitu." Nililia mbele yake, na yeye akanitazama kwa macho makavu.

Alifariki mvua za masika zikianza, na fungu lako liko juu ya meko.

Ukaja asubuhi ya mazishi. Suti ileile. Sikatai ulilia, nilikuona. Lakini hazikupita dakika ishirini ukaanza kupanga viti. Kwaya huku, wazee wa kanisa pale, wageni wa mjini karibu na turubai, akina mama wenye watoto pembeni. Watu wakasema lo, msiba huu umepangwa, mtoto wa marehemu amesoma. Mzee Aminieli ukamkalisha mstari wa mbele kabisa na ukampakulia kwa mkono wako. Alikutazama akasema, "Leo sikusubiri." Akala kidogo akaiacha sahani. Wewe uliona amekusifu, nilivyokuona unatabasamu.

Mimi nilikuwa nimesimama tangu alfajiri ya juzi yake. Nimemuosha mama, nimemvika, nimepika, nimepokea watu. Nilipofika nichukue sahani, ukanishika bega. "Dada, subiri kidogo, wageni wale kwanza." Ukaninyooshea kikombe cha chai.

Kikombe cha chai, Elia, mkononi mwangu, siku ya kumzika mama. Wala hukujua ulichofanya. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote, kwamba hukufanya kwa ubaya. Uliangalia ukumbi, ukatafuta nani hatanyanyuka, ukaniona. Na kweli sikunyanyuka. Niliinywa. Saa kumi ukaondoka kuwahi ndege, ukaniambia, "Nitarudi Krismasi, dada. Nivumilie."

Wiki iliyopita dereva wa basi amenipigia nikachukue mzigo wangu stendi. Ni kitenge. Kizuri, cha bluu, umenichagulia rangi ninayoipenda. Na juu yake karatasi: "Krismasi hii nakuja kweli, tuzungumze."

Haya, mimi si mama. Kitenge nimempa mama Ruthi wa jirani, kimemkaa vizuri. Mbuzi mwaka huu atachinjwa kama kawaida, na nyama yote tutaila siku hiyohiyo. Juu ya meko sitatundika kitu. Ile ya mwaka jana niliishusha mwenyewe, nikaizika chini ya mgomba, maana hata mbwa aliikataa.

Nyumba ni ya mama, siwezi kukufungia mlango. Njoo ukitaka. Njoo na maneno yako mazuri, njoo na machozi, njoo na zawadi gari zima, hayo yote naweza kuyakataa na nimejiandaa kuyakataa. Lakini kuna kitu kimoja nakuomba, na ndicho kilichonifanya nishike kalamu kabla hujafika.

Kichwani mwa kaburi la mama tulipanda isale. Imeshika vizuri, imetoa majani mapana. Utapita hapo ukiingia, njia ni hiyohiyo. Nakujua, Elia. Utasimama, utaitazama, utakumbuka siku ya Mzee Aminieli na ule mluzi wako. Usichume. Nakuomba kwa jina la mama aliyetuzaa, usilifunge fundo jani lile ukaniletea kwa mikono miwili mbele ya watu. Kwa sababu nitalipokea. Nimelelewa na mwanamke yule, sina ujanja, mkono wangu utanyooka wenyewe. Na nikishalipokea itanibidi ninyamaze haya yote mpaka nife, na mimi bado sijamaliza kuyasema.

Kaa huko uliko. Au uje mikono mitupu, ukae kwenye lile benchi la Majengo, nimelileta huku, liko barazani. Ukae, usubiri, na mimi nitakuja nikiwa tayari.

Chai sitakuletea.

Dada yako,
yule ambaye hakunyanyuka