Kakuru Anasimama Mvuani

Bwera

Kwa mjukuu wangu Kukunda,

Salamu zikufikie huko Kyondo kwa shangazi yako. Mimi ni mzima, na kahawa imeanza kuiva. Niwie radhi kwa habari nzito.

Kakuru uliyemkataa bado anasimama langoni kwetu, hata mvua inaponyesha. Majirani wanamsifu: "Huyo ndiye mwanamume anayependa." Nilitaka kuelewa wanakojifunza mapenzi ya namna hiyo, nikaenda kwenye ukumbi wa video. Katika picha iliyoonyeshwa msichana alikataa, mwanamume akamfuata kila mahali. Mfasiri, anayewatafsiria watazamaji maneno ya picha, akacheka kwenye kipaza sauti: "Hapana ya msichana ni ndiyo iliyovaa gauni." Mwishowe msichana akamkumbatia, na ukumbi mzima ukapiga makofi. Nilitoka nimechoka.

Jana nilimpa Kakuru chai, kwa kuwa mgeni ni mgeni. Akauliza, "Mzee, yuko wapi? Mwisho atanikubali tu." Nikamwomba radhi, nikamwambia kwamba ulikwisha kumjibu, nami sitamwonyesha ulipo. Akamaliza chai, akarudi langoni.

Kwa hiyo usirudi, mama. Cherehani yako uliyoiacha hapa nitakuletea mwenyewe. Mlima wa kuja huko nitaupanda polepole.

Akuombeaye daima,
Babu yako, Yosia Kanyesigye