Maneno Niliyomtia Kinywani Mwanamke wa Pazia

Jumatatu, 3 Novemba 1913

Wengi hukosea: hudhani picha ya sinema isiyo na sauti haisemi kitu. Husema lolote atakalosema mtu aliyesimama kando ya pazia na fimbo yake, akiwasimulia watazamaji. Hapa mtaani Neukölln mtu huyo ni mimi, mwalimu mstaafu wa Kilatini.

Picha ya wiki hii: mwanamke anaacha kila kitu amfuate mlevi, mwisho anajitupa mferejini. Anapofunga sanduku, midomo yake inacheza. Nikamtilia maneno: apendaye haulizi anapelekwa wapi. Ukumbi mzima ukalia. Bwana Tübbecke, mwenye sinema, kasema nikoleze papo hapo; leso iliyolowa humrudisha mtu kesho.

Nyumbani supu ya viazi. Kiti kimoja.

Jumatano, 5 Novemba

Trude Pohlmann, mshonaji wa ghorofa ya chini kwetu, kaja sinema mara ya tatu. Safu ya tatu. Anayafuatisha maneno yangu kwa midomo tu. Nilifurahi — tangu mke wangu Adelheid aondoke, nani ameshika neno langu hata moja?

Alhamisi, 6 Novemba

Nimekutana na Trude kwenye ngazi. Shavu limevilia damu. Ameuza cherehani, kesho, picha ikiisha, anakwenda Hamburg na mpenzi wake Egon. Nikamuuliza, Egon huyo huyo aliyekupiga?

“Mwalimu, si wewe uliyetufundisha? Apendaye haulizi.” Akacheka kidogo. “Au ulikuwa unatupamba tu?”

Nikapanda ngazi kwenda kwangu. Mwalimu mzima, namkimbia mshonaji!

Ukweli: maneno yale nilikuwa nayo kabla ya picha. Niliyaandika kwenye barua mwaka 1879, kumwita Adelheid atoke kwao. Akaja. Hakuuliza kitu kwa miaka kumi na mmoja. Siku aliyoondoka pia hakuuliza.

Ijumaa, 7 Novemba

Saa tisa na nusu. Nimemwambia Tübbecke kwamba leo nabadili maneno. Kasema nikithubutu, fimbo anampa shemeji yake — yule hana Kilatini, lakini anajua kuliza watu.

Kutoka dirisha la ukumbi namwona Trude anavuka barabara, sanduku linamvuta bega. Egon yuko pale kwenye kona, mikono mfukoni. Hakumpokea mzigo. Trude anaingia peke yake, anakata tiketi.

Picha inaanza saa kumi. Leo, midomo ile ikianza kucheza, nitamfanya mwanamke aulize: “Unanipeleka wapi?”