Kawio la Somoe

Jumatatu, 11 Mfungo Saba

Nimetwanga muhogo. Nimemgeuza dada yangu Somoe, nimempaka mafuta. Mgongo umebaki mifupa. Kanitukana, eti mikono yangu ya baridi. Nimefurahi. Anayetukana hajafa.

Zainabu, binti yake wa pekee, yuko njiani toka Nampula. Mvua zimekata njia.

Kawio ninalo, fundo moja kwenye ncha ya kanga. Nililikwangua bamvua lililopita, kule mikokoni, kama mama alivyotufundisha. Chumvi ya kijivu. Mgonjwa akiwekewa ulimini, saa zinakawia, roho inamngoja aliye njiani. Haliuzwi. Anayeomba hanyimwi. Na mtu halirudii mara ya pili, ndiyo maana sijampa. Nangoja pumzi ianze kukatika.

Jumanne, 12 Mfungo Saba

Mkutano. Wametusomea Mkataba. Serikali yetu, serikali ya ng'ambo ya Ruvuma, na wenye meli waliokuja kutafuta gesi wakakuta na kawio letu. Sasa lote liuzwe kwao. Kuchota bila kibali, jela. Kulitumia, jela. Wao wanalitakia siku ndefu za kazi. Wapuuzi. Nani aliomba siku ndefu ya kazi?

Waliotia dole gumba ni wanaume, kaka yangu Bakari wa kwanza. Kawio ni la wanawake. Bakari hata njia ya kule haijui. Nimemwambia mbele ya watu, "Kaka, umeuza titi usilonyonyeshea." Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Alikuwa kavaa kofia mpya waliyomgawia.

Alhamisi, 14 Mfungo Saba

Uzio mikokoni. Bamvua kubwa, maji yamekauka mpaka kule, na sisi tumesimama kama mbuzi nje ya shamba.

Anselmo, karani wa Mkataba, kijana aliyeletwa toka Quelimane, anapita nyumba hadi nyumba. Kaingia bila hodi. Ananiita vovo. Mimi si bibi yake. Nimesema kawio sina. "Vovo, kesho narudi na polisi." Nikamwambia aje na mama yake pia, amfundishe kupiga hodi. Uso ukamwanguka. Sikujali.

Naandika kwa herufi za Kiarabu, za chuoni. Hawezi kuzisoma, mjinga yule.

Ijumaa, 15 Mfungo Saba

Tangu adhuhuri pumzi ya Somoe inakatika. Zainabu kakwama Olumbi, gari limezama matopeni. Mchuzi wa samaki ulikuwa motoni. Nafungua fundo nimpelekee, nasikia viatu uani. Anselmo na polisi. Mbele yao Bakari, anawaonyesha ncha ya kanga yangu. Kaka yangu wa tumbo moja!

Chumba cha Somoe kiko ng'ambo ya ua. Wasingeniacha nipite. Nikawapa mgongo, nikalitupa lote chunguni. Nikakoroga.

Walipekua hadi kwenye mkeka wa mgonjwa. Hakuna. Na kwetu anayekuta chungu kinaipuliwa haondoki bila kula, hata awe adui. Nikapakua. Somoe kwanza, kwa kijiko. Kisha wao. Kisha mimi. Anselmo kasifu mchuzi. Mimi moyoni nalia tu: nimeligawa, halitamtosha.

Basi alasiri ikakataa kwenda. Kivuli cha mpapai kikaganda kwenye buti la polisi. Polisi anatoka uani, anajikuta anaingia. Katoka tena, kaingia tena, kakaa chini. Bakari kaanza kulia. Kumbe chungu kimoja, wote mnamngoja mmoja. Hilo hata mama hakunifundisha. Nani angethubutu kulipika?

Anselmo katazama saa yake. Katazama bakuli. Kaelewa. Nikangoja anifunge.

"Kumbe hii ndiyo kazi yake?"

"Bei mliuliza. Kazi hamkuuliza."

Hapo kasema mama yake alikufa Quelimane mwaka jana, yeye akiwa huku anasimamisha nguzo za uzio wa wenye meli. Alifika kaburi limeshafukiwa. "Vovo, ningekuomba, ungenipa?"

Ningempa. Ndiyo sheria yetu, na leo inanikera. Nikasema, "Ningekutukana kwanza."

Zainabu akaingia, matope hadi mapajani. Nikawafungia pazia. Nimemsikia Somoe anamwambia, "Mbona umenenepa hivyo?" Wakacheka wote wawili. Wakanong'ona sana. Ndipo kivuli kikasogea, na magharibi ikaadhiniwa.

Hakuimaliza magharibi. Alikuwa kashika kidole cha mwanawe.

Jumamosi, 16 Mfungo Saba

Tumemzika. Wanaume wanasema Anselmo alisimama nyuma, kavua viatu, naye katupa udongo. Kulitumia ni jela, naye kalitumia. Polisi vilevile. Hakuna aliyefungua mdomo.

Bakari alikuja bila kofia. Nimempa maji, sikumpa neno.

Jumatatu, 18 Mfungo Saba

Uzio upo. Mkataba upo. Fundo langu tupu, na langu nimeshalila kwenye mchuzi, halirudiwi; nikifa mimi hakuna wa kunikawiza. Zainabu anafua kanga za mama yake.

Alasiri kuna mtu kapiga hodi nje ya ua. Sauti ya Anselmo. Simpendi. Nimemaliza kwanza kumenya muhogo, wote. Nikachungulia: bado kasimama pale pale, mikono nyuma, anangoja.

Nikamwambia karibu.