Sylvanus, Kocha Uliyeacha Fainali Ukaokoe Mpunga

Mwaka umetimia, Baba Aurelia, tangu ile Jumapili ya Julai 1997 moyo wako uliposimama ghafla, ukiwa umekaa barazani kwetu Mlabani unakunywa chai. Hukuaga. Wewe uliyekuwa ukiaga hata ukienda bombani!

Tulizoea kukuona ukiinama kwenye kila mlango, na bado milango ilikugonga. Fundi aliyetutengenezea kitanda alinung'unika kwamba mbao zile zingetosha mtumbwi. Wageni wakishangaa urefu wako, ulikuwa ukiwajibu, "Ni ubwabwa wa Lupiro huo." Watoto waliamini, wakala mpaka wakavimbiwa.

Ulitoka Lupiro kijana mwembamba, ukaenda Dar es Salaam kutafuta kazi, na huko ndiko ulikoushika mpira wa kikapu kwa mara ya kwanza. Baadaye klabu moja ya Cairo ikakuchukua ucheze kwa mshahara. Hapa kwetu hawakuamini kwamba mtu mzima anaweza kulipwa kwa kudundisha mpira. Mama yako aliamini siku ulipomletea redio.

Goti lilipokushinda ukarudi, na wengi tulidhani utabaki Dar. Ukaja hapa Ifakara kufundisha timu ya chuo cha ualimu upande wa Katindiuka, chuo chenye sakafu moja ya saruji na magoli mawili, moja limelala upande.

Kwenye sakafu hiyo akina mama walikuwa wakianika mpunga wa mavuno tangu kabla hujaja. Kocha mwingine angewafukuza. Wewe ulikaa nao, mkapatana: wao nusu, timu nusu, na wachezaji waugeuze mpunga kabla ya mazoezi. "Asiyejua kugeuza mpunga hajui kumpisha mwenzake," ulisema. Maana yake hatujaielewa hadi leo, lakini uliitamka kwa uzito sana.

Mei 1996 mkafika fainali kwa mara ya kwanza, mkicheza nyumbani. Mkuu wa chuo alikuwa ametangaza mbele ya wanafunzi wote kwamba kombe lisipopatikana, timu inavunjwa na pale uwanjani linajengwa ghala. Wiki nzima nilikuwa napika na wewe huli.

Siku yenyewe mlikuwa mnaongoza, na mchezo ulikuwa unakaribia kwisha. Mpunga ulikuwa umesogezwa pembeni, umetandazwa juu ya majamvi. Mara wingu likafunga. Mpunga mkavu ukinyeshewa hukatikakatika mashineni, na ule wa Mama Sikitu, mjane aliyehamia kutoka Usukumani, ndio uliokuwa chakula chake cha mwaka. Ukasimama ukapaza sauti, "Acheni mpira! Zoeni mpunga!"

Mwamuzi akakuonya, "Kocha, timu ikitoka uwanjani imeshindwa."

"Najua. Hebu nishikie gunia hapo, ndugu yangu," ukamjibu.

Akashika. Timu ya wageni nayo ikazoa. Mvua ilishuka gunia la mwisho likiingizwa darasani, kisha wageni wakapewa kombe lao.

Jumatatu mkuu akakuita. Ulivaa shati lako la Misa ukaniambia, "Mama Aurelia, leo timu inakufa." Ulipofika ulimkuta Mama Sikitu amekaa mlangoni pa ofisi na wenzake.

"Shikamoo, mkuu," akasema. "Tumesikia timu inauawa kwa ajili ya mpunga wetu. Kama ni kosa, ni letu. Tuadhibu sisi, maana hatuondoki hapa."

Mkuu aliwatazama, akakutazama wewe, akacheka mpaka akavua miwani. Ghala halikujengwa. Mwaka uliofuata mkatolewa mapema kabisa, na mkuu hakuivunja timu.

Tulipokuzika, hofu ilitushika: bila wewe, vijana wale watakuwa na nani? Sasa sikia. Oliva, yule mchezaji wako uliyekuwa ukimfokea kwa kuchelewa, ni mwalimu huko Lupiro. Kila Jumamosi anavuka kivuko na baiskeli yake kuja kuwafundisha. Masika haya mto ulipofurika alivuka kwa mtumbwi, tukamgombeza kweli, na wiki iliyofuata akaja tena. Bado anachelewa.

Nakulilia, mume wangu, sitaficha. Nyumba imekuwa kubwa mno. Lakini nilitaka ulijue hili, kwa kuwa ndilo lililokunyima usingizi: kombe hatujapata. Timu ipo.

Unakumbukwa na mimi mkeo Paulina; wanao Aurelia na Beno; mama yako Margareta wa Lupiro; kaka yako Viktor na shemeji Philomena; Mama Sikitu na akina mama wote wa Katindiuka; Oliva na wachezaji wako. Misa ya kukuombea itasomwa Jumapili asubuhi parokiani Ifakara, na chai itanywewa nyumbani.

Maadamu tunapumua, Sylvanus, hutasahaulika.