Treni ya Watoto Ipo, Baba

Falls Church, Virginia
Jumapili mchana

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Najua utaitikia marahaba kwa sauti kabla Shangazi Zuhura hajafika mstari wa pili, naye atakwambia utulie asome. Mwambie asome polepole na asiruke mahali. Ningeweza kupiga simu, lakini mara ya mwisho nilikuuliza habari za goti ukanijibu bei ya mchele, nikajua masikio yako yamechoka, baada ya kelele za injini miaka yote ile ya karakana. Basi nimerudi kwenye karatasi. Goti linaendeleaje? Dawa ya kuchua niliyompa yule mgeni wa Kihonda akuletee ilikufikia? Na mvua za huko zimekuja kwa ustaarabu, au zimeshuka na mawe ya Uluguru kama mwaka juzi?

Huku sisi wazima. Mjukuu wako Naima ametimiza miaka kumi na mitano na amenipita urefu. Kiswahili anakisikia chote, hata cha kusengenya, ila ukimsemesha anakujibu kwa Kiingereza. Kazi yangu ni ile ile, kuwatunza wazee katika nyumba yao kule Springfield. Asubuhi naingia Beltway, barabara kuu inayozunguka mji, magari yamejipanga kama siafu lakini hayatembei kama siafu. Nikifika nawaogesha wazee, nawalisha, nawasikiliza. Kuna bibi mmoja hunisimulia harusi yake kila siku, na kila siku nashangaa upya ili afurahi. Siku moja nikiwa namchana nywele nikakukumbuka wewe, moyo ukaniuma. Hadithi za mtu baki nazisikiliza kwa mshahara, na za baba yangu nilizikatisha.

Baba, hilo ndilo lililonifanya nikuandikie. Acha nikueleze kwa mpangilio.

Wambui unamjua kwa habari, yule nesi kutoka Nyeri tunayekaa naye jengo moja. Mwezi wa kwanza tulikuwa kwenye chumba cha kufulia nguo, tunasubiri mashine, akaniambia, "Mama Naima, mimi nafikisha hamsini. Sitaki keki. Nataka kwenda Ulaya nilale kwa hoteli, mtu mwingine anitandikie kitanda."

"Ulaya ipi?"

"Yoyote, bora iwe na mto na majumba ya wafalme."

"Budapesti ina vyote viwili."

Akaacha kukunja shuka. "Na hiyo umeitoa wapi?"

Siku ile sikumjibu, lakini wewe unajua nilikoitoa. Nilikuwa nimeitoa kwenye mikono yako inayonuka grisi, tulipokuwa wadogo, unatuhesabia kwa vidole maajabu ya mji ule ulikopelekwa na serikali ukiwa kijana wa miaka ishirini na miwili, wewe na wenzako watatu, kujifunza yale mabasi marefu yanayopinda katikati kabla hayajaletwa Dar. Ulituambia habari za mabwawa ya maji ya moto yaliyo nje kabisa, wazee wamekaa ndani wanacheza sataranji huku theluji inawadondokea vichwani. Ulituambia kuna kilima cha Yanoshi, na juu yake inapita treni inayoendeshwa na watoto. Watoto ndio wanaokata tiketi, watoto ndio wanaobadili njia za reli, na treni ikiondoka stesheni mtoto anasimama wima anaipigia saluti.

Shangazi, hapa ndipo nilipokuwa naogopa uruke. Soma.

Baba, siku ya posa ya Dada Mwajuma nyumba ilijaa wageni. Pilau ilikuwa imeshapakuliwa, nawe ukaanza kuwasimulia habari ya ile treni. Baba Mkubwa Saidi akakukatiza: "Mdogo wangu, treni iendeshwe na watoto? Hao wenyeji wako walikunywesha nini?" Watu wakacheka. Wewe ukanigeukia ukasema, "Muulizeni binti yangu, huyu anaijua hadithi yote." Nilikuwa na miaka kumi na mitatu. Nilitaka wageni wanione mkubwa. Nikasema, "Hizo ni hadithi za kutulalishia sisi tukiwa wadogo, hata mimi siziamini." Watu waliangua kicheko mpaka mshenga akapaliwa. Wewe nawe ulicheka. Kisha ukanawa mikono kabla sahani haijafika nusu, ukatoka nje kutazama injini ya gari la mgeni ambayo hakuna aliyesema imeharibika. Tangu siku ile sijakusikia ukiutaja mji ule tena, hata kwa bahati mbaya.

Basi tumekwenda, Baba. Mwezi wa tatu, siku tano, mimi na Wambui na Naima.

Siku ya kwanza ilikuwa ya Wambui. Tulitembea kando ya mto Danubi, tukapiga picha bunge lao, jumba kubwa lenye miiba mingi kama samaki, tukavuka daraja lenye simba wa mawe pamoja na dunia nzima, maana watalii walikuwa wengi mpaka unasubiri zamu kumwona simba. Wambui alifurahi sana. Usiku kabla ya kulala nikamtolea ile picha yako, mliyosimama wanne kwenye ngazi, makoti yamewazidi mabega. Mwajuma aliipiga kwa simu kutoka kwenye albamu akanitumia. Nikamwambia kesho nataka kwenda huku.

"Huku ni wapi?"

"Nje ya mji. Kulikuwa na kiwanda cha mabasi."

"Kulikuwa?"

"Kimefungwa."

Akakaa kitandani. "Wewe, watu wanapanda ndege kuja kuona bunge na daraja, halafu unatupeleka kwa kiwanda kimefungwa? Hii ni birthday yangu ama ni ya babako?"

Nikamsimulia ile siku ya posa. Wambui akazima taa akasema, "Tutaamka saa ngapi?"

Tulipanda treni ya chini ya ardhi, kisha basi, mpaka mwisho kabisa ambako hakuna mtalii hata mmoja. Geti la kiwanda lipo bado. Ndani kuna maghala, mafundi wa magari, na nyasi zimeota kwenye nyufa za saruji. Mlinzi alikuwa mzee wa umri wako, mwenye sharubu nyeupe. Hakujua Kiingereza, nasi hatukujua neno la lugha yake, basi simu ya Naima ikawa mkalimani: anaongea, inatafsiri, tunaongea, inatafsiri. Nilimwonyesha picha. Akavaa miwani, akaisogeza mbali, akaisogeza karibu. Kisha akatuita kwa kidole tumfuate.

Tulipita nyuma ya ukuta mpaka kwenye jengo la matofali la ghorofa tatu ambalo siku hizi linapangishwa vyumba. Akanyoosha mkono. Zilikuwa ngazi zako, Baba. Ngazi sita, na lile bomba la chuma la kushikia limepinda vile vile kushoto. Wambui akaninong'oneza, "Nenda usimame alipokuwa."

Yule mlinzi hakukukumbuka wewe, sitakudanganya. Alisema alikuwa kijana mwanafunzi wa kuchomelea wakati Waafrika walipokuja, na hakuwahi kufanya nao kazi. Lakini alikumbuka jambo moja. Aliongea, Naima akasubiri simu imalize, akaisoma mara mbili kabla ya kuniambia. Mzee alisema kwamba Jumapili, wengine wakienda makwao, ninyi mlikuwa mkikaa kwenye hizo ngazi mnaimba. Yeye na wenzake walikuwa wakipita kwa baiskeli. Hawakujua maneno. Kisha akajikumbatia mikono akatetemeka, kutuonyesha mlivyokuwa mkisikia baridi, na mlikuwa mnaimba hivyo hivyo.

Hilo la kuimba hukutuambia kamwe.

Wambui alimshika yule mzee mkono kwa mikono miwili, kama tunavyowashika wazee wetu, akamwambia asante kwa Kiswahili. Kwenye basi la kurudi hakuzungumzia tena bunge.

Siku ya nne tukaenda kilimani. Msichana wa mapokezi pale tulipolala, nilipomtajia treni ya watoto, alicheka akasema wageni wengi wanaondoka bila kujua kwamba ipo. Tulipanda tramu, halafu treni ndogo yenye magurudumu ya meno inayokwea mlima, na tulipofika juu nikaiona stesheni. Ndani ya dirisha la tiketi alikaa binti wa miaka kama kumi na miwili, kofia nyekundu, shati jeupe, uso hauna mchezo hata kidogo. Alihesabu chenji yangu mara mbili. Mwenzake alitoka na bendera. Mabehewa yalikuja, tukapanda, na mtoto mwingine akapita kutoboa tiketi moja moja kama hakimu anayegonga mihuri. Nilichungulia mbele: dereva ni mtu mzima. Na hapo ndipo nilipokumbuka, Baba, kwamba wewe mwenyewe ulikuwa ukisema hivyo. "Dereva ni mtu mzima, ila mengine yote ni watoto." Ulisema kila mara. Sisi hatukusubiri ufike hapo, tulikuwa tumeshaanza kucheka.

Treni ilipoondoka, yule mtoto wa bendera akasimama wima akapiga saluti mpaka tukapotea kwenye kona. Wambui naye akasimama behewani akamrudishia saluti, mtu mzima na miaka yake hamsini. Mimi nililia. Sikujificha.

Ni msitu tu huko juu, miti bado haijachipua, kimya. Naima alikuwa amekaa dirishani. Unajua hanijibu Kiswahili. Siku ile alinigeukia akasema, kwa taabu, anatafuta neno moja moja, "Mama. Babu alikuwa... peke?"

Alikosa neno mpweke. Nikafungua mdomo nimjibu, nikakuta sijui.

Nimekaa na swali hilo tangu turudi. Nimekumbuka mwaka wangu wa kwanza huku, nilipokuwa nimepanga chumba cha chini ya nyumba kule Manassas, dirisha lenyewe halizidi sinia, napanda treni alfajiri kwenda mjini kufagia ofisi, wiki inaisha sijatamka neno la Kiswahili na mtu aliye mbele yangu. Nyumbani niliwaandikia nini? Niliwaandikia maua ya rangi ya waridi yaliyofunika miti kando ya mto, majumba ya makumbusho yasiyo na kiingilio, kindi wa huku asiyeogopa watu. Yote yalikuwa kweli. Chumba sikukitaja. Na ninyi mkanijibu kwamba Mungu amenineemesha, nikazidi kushindwa kukitaja.

Kwa hiyo nadhani naelewa, lakini kudhani si kujua. Miaka yote tulibishana kama treni ipo au haipo. Hakuna hata mmoja wetu aliyekuuliza kijana wa Morogoro aliishije miaka miwili kwenye baridi ile, alimkumbuka nani, barua ya nyumbani ilichukua muda gani, na ni nyimbo gani zile mlizoimba ngazini.

Naomba radhi, Baba. Si kwa sababu nimeiona treni. Hata kama ingekuwa haipo, ulinigeukia mimi mbele ya watu, nami nilitakiwa kusimama na wewe. Nimelijua hilo muda mrefu, nikawa nalikwepa. Naomba unisamehe.

Mfikishie salamu Baba Mkubwa Saidi, na umwambie kwamba nina picha arobaini za kumwonyesha. Msalimie Mama Mdogo Hadija na wajukuu zake, na Dada Mwajuma na shemeji. Mwambie Mwajuma ile picha ilifanya kazi. Msalimie fundi cherehani wa jirani, yule mnayecheza naye bao, nasikia siku hizi anakufunga. Shangazi Zuhura, nakushukuru kwa macho yako na sauti yako. Wambui anasema nimwandikie salamu zake kwa mzee, na Naima anakuamkia.

Kazini nimeomba likizo na wamenipa. Shule zikifungwa mwezi wa sita, mimi na Naima tunakuja Morogoro, wiki nne. Safari hii sitazunguka kwa ndugu wote kama mtu anayegawa mialiko. Nitakuja kukaa. Asubuhi nitakuchua goti, nitachemsha chai, nitakaa upande wa sikio lako la kulia ambalo bado linasikia, na Naima atakuuliza mwenyewe. Neno sahihi nimeshamfundisha.

Ukipenda kumjibu, jibu. Ukitaka kunyamaza, tutanyamaza pamoja nawe.

Binti yako anayekupenda,
Tatu